Rose aliyeitwa Helen: Mwanamke wa picha za kauboi aliyeruka juu ya treni

Umbali kutoka ukingo wa paa la stesheni hadi paa la behewa ulipimwa mapema. Treni ikasimamishwa pembeni na msichana akaruka, akapanda tena, akaruka tena, mpaka miguu ikakariri ule upana. Kilichobaki ni kufanya hivyohivyo treni ikiwa mwendoni.

Ilikuwa Aprili 1915, huko California, na kampuni ya Kalem ilikuwa ikitengeneza episodi moja ya mfululizo wake wa The Hazards of Helen. Treni ikarudishwa nyuma kama robo maili ipate nafasi ya kushika kasi. Mpiga picha akaanza kuzungusha mkono wa kamera. Treni ikaja, na msichana hakusita. Aliruka, akatua palepale alipotakiwa kutua. Kitu kimoja tu hakikuwa kimefanyiwa mazoezi: behewa lililosimama linakupokea, behewa linalokimbia linakutupa. Akaanguka na kubiringika kuelekea mwisho wa paa. Mkono wake ukakutana na tundu la hewa, akalikamata. Mtu mwingine hapo angejivuta haraka arudi katikati na kumshukuru Mungu wake. Yeye aliacha mwili uning'inie ukingoni, miguu hewani, kwa sababu alijua kamera bado inazunguka na picha itakuwa tamu zaidi.

Alitoka na michubuko tu. Na filamu ilipofika kwenye kumbi, watu wakashangilia ujasiri wa Helen Holmes, nyota wa mfululizo ule, ambaye siku hiyo hakuruka popote. Aliyeruka alikuwa binti wa miaka 22 kutoka Cleveland, jina lake la kuzaliwa Rose Wenger. Kazi yake ilikuwa kuvaa nguo za nyota, kumpa kamera kisogo, na kuhatarisha shingo yake badala ya shingo ya mwenzake.

Sisi tuliokulia kwenye mabanda ya video tulikuwa na sheria moja ya sinema ambayo hakuna aliyehitaji kufundishwa: steringi hafi. Adui wanaweza kuwa hamsini, risasi zikamiminika kama mvua ya masika, steringi atatoka. Tulibishana juu ya ngumi, juu ya bastola, juu ya nani angempiga nani. Hakuna hata siku moja tuliyouliza yule anayeanguka kutoka ghorofani ni nani hasa. Miaka mingi baadaye nilipokutana na habari za Rose Wenger ndipo nilipoelewa kwa nini steringi hafi. Kuna mtu mwingine ameajiriwa kufa kwa niaba yake, na jina la mtu huyo halimo kwenye bango.

Ajabu ya Rose ni kwamba alikaa pande zote mbili. Alianza akiwa mwili usio na jina, akapanda akawa jina kubwa, kisha akashuka akarudi kuwa mwili usio na jina, na katika hatua zote hizo kazi aliyoifanya ilikuwa ileile.

Alizaliwa Agosti 27, 1892, katika familia yenye asili ya Uswisi na Ujerumani, mmoja kati ya mabinti watano. Baba alitaka mtoto wa kiume. Hakumpata, basi akamwacha Rose akue kama dume: apande miti, akimbie, ajifanyie atakavyo. Mwaka 1909 maonyesho ya makauboi yalipita Cleveland, Rose akaenda kutazama, na akarudi nyumbani akiwa ameshaamua. Muda si mrefu akaona tangazo gazetini: ndugu wa Miller, wenye ranchi iliyoitwa 101, walikuwa wanatafuta wasichana wa kupanda farasi. Hakuwa anajua kupanda farasi. Aliandika barua hivyohivyo.

Ranchi ya 101 ilikuwa karibu na Ponca City, Oklahoma, na ilikuwa kitu zaidi ya ranchi. Ndugu wale walikuwa wamegundua kwamba kulikuwa na fedha nyingi katika kuwaonyesha watu wa mijini maisha ya kauboi kuliko katika kuuza ng'ombe peke yake. Pale Rose alifundishwa kukaa kwenye tandiko, kisha kutokukaa. Alijifunza kuinama kutoka ubavuni mwa farasi anayekwenda shoti, mguu mmoja umebaki kwenye kikuku, mkono unafagia vumbi, na kuokota leso iliyotupwa chini. Wakongwe walimwonya kwamba ukwato utampasua kichwa siku moja. Baadaye, akiwa mzee, alisimulia kwamba maneno yale hayakumwingia: mambo kama hayo aliamini huwapata wengine. Aprili 1910 akasimama mbele ya umati wa St. Louis kwa mara ya kwanza.

Katika kundi lile la 101 alikuwamo pia Bill Pickett, kauboi mweusi kutoka Texas, na hapa niruhusiwe kupumzika kidogo. Pickett alikuwa akimkimbiza dume la ng'ombe kwa farasi, anamrukia, anamkamata pembe, anamng'ata mdomo kwa meno yake mwenyewe na kumlaza chini. Mchezo wa rodeo wa kumwangusha dume, unaochezwa hadi leo Marekani bila kung'ata, ulianzia kwake. Picha za kauboi tulizozizoea zilituaminisha kuwa kule porini hapakuwa na mtu mweusi. Walikuwepo, tena wengi. Sinema ndiyo iliyowapunguza.

Na kama unadhani makauboi wa zama hizo walikuwa mbali nasi, mwaka huohuo wa 1910 mzee mmoja wa Kimarekani aliyejulikana kama Buffalo Jones alitua Nairobi na wenzake, wakaingia mbugani na farasi na kamba kuwanasa wanyama, faru na simba wakiwamo, huku Mwingereza Cherry Kearton akiwapiga picha za sinema. Kauboi alifika Afrika Mashariki akiwa mwili na damu kabla watoto wetu hawajamjua kwenye kitambaa cheupe.

Turudi kwa Rose. Mwaka 1911 maonyesho ya 101 yalifunga msimu huko Venice, California, ufukweni. Makauboi na farasi wao walikuwa hawana kazi hadi msimu ujao. Mtengenezaji filamu Thomas Ince aliona kile ambacho wengine hawakukiona: kundi zima la wapanda farasi wa kweli, Wahindi Wekundu wa kweli, ng'ombe na magari ya farasi, limekaa bure. Akalikodi lote kwa dola 2,500 kwa wiki kwa majira yote ya baridi. Katika fedha hizo, mpanda farasi mmoja mmoja alipata dola 8 kwa wiki. Rose na wenzake walilala Venice, na kila asubuhi walipanda farasi wao maili tano hadi korongo la Topanga zilikopigwa picha, jioni wakarudi maili tano nyingine. 

Msomaji asidhani Rose alikuta uwanja mtupu. Lillian St. Cyr, mwanamke wa kabila la Winnebago kutoka Nebraska, alikuwa ameshatamba kwa jina la Red Wing, na mwaka 1914 alikuja kucheza katika The Squaw Man ya Cecil B. DeMille, filamu ndefu ya kwanza kupigwa Hollywood. Naye jina lililomtambulisha kwa umma halikuwa lile alilopewa nyumbani. Nimelikuta jambo hili mara nyingi mno katika habari za wanawake wa sinema ile: mtu anaingia getini na jina lake, anatoka na la kampuni.

Mwaka 1912 Rose alipata nafasi yake ya kwanza ya kutajwa, katika filamu ya Kalem iitwayo Ranch Girls on a Rampage, kwa dola 15 kwa wiki. Mwaka uliofuata, kwenye mizunguko ya rodeo, akakutana na kijana mmoja mcheshi aitwaye Edmund Gibson, ambaye wote walimwita Hoot. Hoot alikuwa bingwa wa jumla wa mashindano ya Pendleton, Oregon, ya mwaka 1912. Walipofika Pendleton pamoja Septemba 1913, mji ulikuwa umefurika watu na vyumba vya kulala hakuna. Waliokuwa na bahati ya kupewa chumba ni mke na mume. Basi wakaoana.

Nimeisoma habari hiyo mara tatu nikitafuta mahaba. Sikuyaona. Walihitaji chumba.

Baada ya hapo wakaelekea Los Angeles kutafuta riziki kwenye sinema. Hoot alifanya kazi hapa na pale, Rose akaajiriwa Kalem, kule Glendale. Jina hilo lisikuchanganye na kalamu: ni herufi za mwanzo za waanzilishi wake watatu, Kleine, Long na Marion, K na L na M zikisomwa kwa Kiingereza. Kampuni ilikuwa na mfululizo uliopendwa kuliko kawaida. Mhusika mkuu alikuwa Helen, karani wa telegrafu katika stesheni ndogo ya reli ya Magharibi, na kila wiki kulitokea balaa: majambazi wameteka treni, breki zimekatika, daraja limevunjwa, mtoto amelala relini. Kila wiki Helen alilimaliza balaa hilo kwa mikono yake. Hakumsubiri mwanaume. Hilo, mwaka 1914, miaka sita kabla ya katiba ya Marekani kuwahakikishia wanawake haki ya kupiga kura nchi nzima, halikuwa jambo dogo.

Nyota wa kwanza alikuwa Helen Holmes, na mkurugenzi alikuwa mumewe, J.P. McGowan. Rose ndiye aliyeruka badala yake. Kisha mwaka huo wa 1915 Holmes na McGowan wakaondoka Kalem kwenda kutafuta malisho mengine. Kampuni ikabaki na mfululizo wenye jina la Helen usio na Helen. Suluhisho lilikuwa chini ya pua zao. Yule msichana aliyekuwa akiificha sura yake, aliyekuwa anaijua kila hatari kwa sababu ndiye aliyekuwa akiifanya, aligeuzwa aitazame kamera. Sharti lilikuwa jina. Rose akafa kiofisi, akazaliwa Helen Gibson: Helen la kampuni, Gibson la mume. Hakuna hata herufi moja ya jina hilo iliyotoka kwa baba yake wa Cleveland.

Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako. Jina hili la kuazima lilimsitiri miaka 62.

Mfululizo ulifika episodi 119, kuanzia mwishoni mwa 1914 hadi mwanzoni mwa 1917, na yeye ndiye aliyeufikisha mwisho. Episodi moja ilijaza mkanda mmoja wa filamu, dakika kumi na kitu hivi. Fikiria kasi ya kazi hiyo: kila wiki hatari mpya, na hatari ya wiki hii lazima izidi ya wiki iliyopita, la sivyo mwenye ukumbi analalamika.

Ujanja wa kamera ulikuwepo. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, na mpiga picha akizungusha polepole, vitu huonekana vikienda mbio vikirushwa ukumbini. Kwa hiyo treni uliyoiona ikiruka kama mshale huenda ilikuwa inajikokota. Lakini hakuna ujanja wa mkono uliofanya paa la behewa liwe laini, wala uliompa mtu mbawa akikosa. Angekosa, angekosa kweli.

Kuna tukio moja la pikipiki ambalo hata kwa viwango vya leo, tulivyokwisha kushibishwa na kompyuta, linakausha koo. Helen anaifukuza treni ya mizigo iliyokosa mwendeshaji. Yuko kwenye pikipiki, gesi imefika mwisho. Mbele kuna geti la mbao. Analipasua na kupita. Anapanda jukwaa la stesheni na pikipiki yake. Kwenye njia ya pembeni limesimama behewa tupu, milango ya pande zote mbili iko wazi. Anapita katikati yake kama mtu apitaye uchochoroni, anatokea upande wa pili akiwa hewani, na kutua na pikipiki yake juu ya behewa la wazi la treni inayopita. Isome tena taratibu. Pikipiki ya mwaka 1916 au hapo jirani haikumpunguzia mtu mshtuko kama za leo. Dereva wa bodaboda anayejua kazi yake ataelewa ninachosema.

Katika picha zake za zama hizo anaonekana mwanamke mwenye uso wa mviringo, mkakamavu, anayetabasamu kama mtu aliyetoka sokoni kupata bei nzuri. Hana mapozi ya urembo waliyokuwa nayo wenzake. Nadhani hapo ndipo ulipokuwa uzuri wake kwa watazamaji: alionekana mtu wa kazi.

Kalem ilinunuliwa na Vitagraph mwaka 1917, na Helen akahamia Universal kwa dola 125 kwa wiki. Hapa ndipo hasa alipokuwa mwigizaji wa picha za kauboi kwa maana kamili: farasi, bastola, wezi wa ng'ombe, masherifu. Mwaka 1919 alicheza katika filamu fupi, The Rustlers na Gun Law miongoni mwao, chini ya mkurugenzi kijana aliyekuwa bado hajulikani sana, John Ford. Lishike jina hilo.

Nyumbani mambo yalikuwa yameharibika. Hoot alikwenda vitani na jeshi la Marekani, aliporudi alikuta mkewe ana jina kubwa kuliko lake. Ndoa ya kutafuta chumba haikuhimili hilo. Katika sensa ya 1920 walihesabiwa nyumba tofauti: Hoot alijiandikisha kuwa ana mke, Helen alijiandikisha kuwa ni mjane. Mume alikuwa mzima wa afya, anapanda farasi mji huohuo. Sijui kama kuna talaka yoyote iliyowahi kuandikwa kwa neno moja kali kuliko lile.

Mwaka huo Helen akafanya lililowagharimu wanawake wengi wa sinema wakati ule: akaanzisha kampuni yake, Helen Gibson Productions. Filamu ya kwanza iliitwa No Man's Woman. Fedha zikaisha kabla kazi haijakamilika. Akafilisika. Filamu hiyo ilikuja kutolewa mwaka 1922, kwa jina jingine kabisa, Nine Points of the Law. Hata filamu yake, kama yeye mwenyewe, ililazimika kubadili jina ndipo ionekane.

Mwaka 1921 kampuni nyingine ikamlipa dola 450 kwa wiki kwa filamu iitwayo The Wolverine, mshahara mkubwa kuliko wote aliowahi kuupata. Kabla ya filamu iliyofuata, kidole tumbo kikapasuka, uchafu ukasambaa tumboni, akalazwa hospitali. Mwanamke aliyeruka juu ya treni, aliyepasua mageti kwa pikipiki, aliangushwa na kiungo kisichozidi kidole. Kampuni haikumsubiri, ikamweka mwingine. Alipotoka hospitali, mlango wa umaarufu ulikuwa umefungwa.

Haukufungwa kwake peke yake. Hollywood ilikuwa inakua, mabenki yameingia, studio kubwa zimemeza ndogo, na zile picha fupi za wiki ambamo msichana huokoa treni zikaanza kuonekana za kitoto. Katika picha za kauboi za miaka ya 1920 mwanamke alirudishwa mlangoni mwa nyumba, aproni kiunoni, akimpungia mkono anayeondoka. Hata pale msichana alipohitajika kuanguka kutoka kwenye farasi, mara nyingi studio ilimvalisha mwanaume wigi na gauni. Aliyenufaika na zama mpya alikuwa Hoot. Akawa nyota mkubwa wa Universal, akitajwa wa pili nyuma ya Tom Mix kwa kuvuta watu kwenye picha za kauboi.

Helen akarudi alikotoka. Mwaka 1924 alijiunga na sarakasi ya Ringling Bros. and Barnum & Bailey, akifanya michezo ya farasi kwa zaidi ya miaka miwili. Baadaye akazunguka majukwaani na kundi la Wahindi Wekundu wa kabila la Hopi. Mwaka 1927 alirudi Hollywood, na studio zikampa kazi aliyoianzia: kuwa mwili wa mtu mwingine. Alianguka badala ya Louise Fazenda na Irene Rich. Umri ulipopanda, akaanguka badala ya wazee: Marie Dressler, May Robson, Marjorie Main, Ethel Barrymore. Ukiona katika sinema ya miaka ile bibi mnene akiporomoka ngazi au akitupwa na gari la farasi, wewe ukacheka, huenda umemcheka Rose Wenger, na huenda alikuwa na miaka 45 na mbavu zake zinauma.

Mwaka 1935 aliolewa tena, na fundi umeme wa studio aitwaye Clifton Johnson. Hapo historia ikafanya utani wake. Hoot, baada ya kuachana naye, alikuwa amemwoa mwigizaji wa jukwaani mwaka 1922. Jina la mwigizaji huyo? Helen Johnson. Kwa hiyo Helen Johnson akawa Bi. Gibson, na Helen Gibson akawa Bi. Johnson, na waandishi wa habari za sinema wamekuwa wakizichanganya ndoa, picha na maisha ya wanawake hawa wawili tangu wakati huo. Hata nami katika kuandaa makala haya nilijikuta nikiandika kwenye daftari, kisha nikifuta.

Katika miaka ya 1940 alikuwa mweka hazina wa chama cha waigizaji wapanda farasi wa Hollywood. Nafasi hiyo inaeleza jinsi wenzake walivyomtazama. Watu hawampi pesa zao mtu wasiyemwamini, hasa makauboi. Mwaka 1951 Universal ilitengeneza filamu ya mauaji iitwayo Hollywood Story na kuwaalika wachache wa zama za sinema bubu waonekane kidogo kama wao wenyewe. Helen alikuwa mmoja wao. Kwa dakika chache akawa tena na sura.

Tungependa kumtazama leo katika ubora wake, lakini hapo ndipo uchungu ulipo. Filamu za wakati ule zilitengenezwa kwa naitreti, kitu kinachooza kwa unyevu na kulipuka kwa moto, na studio nyingi ziliona afadhali kuziyeyusha zipate fedha ya madini yaliyomo kuliko kuzitunza bure. Maktaba ya Bunge la Marekani ilitoa ripoti mwaka 2013: kati ya filamu bubu ndefu 10,919 zilizotengenezwa Marekani kuanzia 1912 hadi 1929, ni asilimia 14 tu zilizosalia katika umbo lake la awali. Hizo ni filamu ndefu, zilizothaminiwa. Episodi fupi za wiki, kama za Helen, zilionyeshwa na kusahaulika kama gazeti la jana. Chache zimebaki katika hifadhi, na baadhi unaweza kuzikuta kwenye intaneti bila kulipa. Nakushauri uzitafute. Zima muziki waliozibandika baadaye, maana mara nyingi ni kelele, na utazame miguu yake tu.

Alipata kiharusi kidogo mwaka 1957, akaendelea na kazi. Alistaafu Januari 1962 kwa pensheni ya dola 200 kwa mwezi. Hoot alifariki Agosti mwaka huohuo, utajiri wote umekwisha. Helen alihamia ziwa Tahoe, kisha Roseburg, Oregon, jimbo lilelile alikoolewa kwa ajili ya chumba, akafariki hapo Oktoba 10, 1977, akiwa na miaka 85.

Lakini kabla ya kustaafu alifanya kazi moja ya mwisho. Katika msimu wa vuli wa 1961 John Ford, ambaye sasa alikuwa John Ford kweli, mwenye tuzo nne za Oscar za uongozaji, alikuwa anapiga The Man Who Shot Liberty Valance. Alikuwa na John Wayne na James Stewart. Alihitaji pia mtu wa kuendesha gari la farasi, ashike hatamu bila farasi kumshinda nguvu. Aliyepanda kiti cha dereva alikuwa mwanamke wa miaka 69. Alilipwa dola 35, na jina lake, si la Rose wala la Helen, halimo katika orodha ya waigizaji.